Stan Lee hakuchora: kumfahamu Jack Kirby kutoka baraza la Mkunguni

Ubishi ulianzia kwenye fulana. Kijana mmoja wa Langoni alikatiza uwanja wa Mkunguni, hapa Lamu, jioni, amevaa fulana nyeusi yenye picha ya Black Panther, shujaa wa vitabu vya katuni vya Marekani, na mwenzake aliyekuwa barazani na kikombe cha kahawa akamwita: "Hebu simama tuione. Huyu Stan Lee alikuwa na mkono, wallahi!"

Riziki yangu ni kuandika majina ya vyombo na mabango ya maduka, na siwezi kusikia habari za mkono wa mchoraji nikanyamaza. Nikawaambia Stan Lee hakuichora picha ile, wala hizo nyingine wanazozipenda. Wakanicheka. "Ami, si ndiye yule mzee aliyekuwa akitokea kwenye kila filamu ya mashujaa hawa?" Ndiye. Lakini kutokea kwenye filamu na kushika penseli ni mambo mawili. Tukabishana mpaka adhana ya Isha, na nilipoondoka nilijua sikuwafahamisha vizuri, maana kila fundo nililofungua lilikuwa na jingine chini yake. Tangu filamu ya Fantastic Four, wale mashujaa wanne, ya Julai 2025 ilipofika huku, ubishi umerudi upya, nami nimeona afadhali niuandike kuliko kukausha koo.

Mtu niliyekuwa nataka kuwaeleza ni mchoraji wa Kimarekani anayeitwa Jack Kirby.

Neno moja, vitu vitatu

Fundo la kwanza limo kwenye lugha yetu wenyewe. Tunasema "katuni" tukikusudia vitu vitatu. Ipo katuni ya gazetini: picha moja, au fremu tatu nne, za kuchekesha au za kumchoma mwanasiasa. Ipo katuni ya televisheni, picha zinazokwenda, ambazo watoto hukodolea macho asubuhi badala ya kuoga. Na kuna kitabu cha katuni, ambacho kwa Wamarekani wa zama za Kirby kilikuwa kijarida chembamba cha karatasi duni, hadithi imekatwa vipande ndani ya fremu, na maneno ya wahusika yanaelea kwenye viputo juu ya vichwa vyao.

Katuni ya gazetini aghalabu ni ya mtu mmoja. Juha Kalulu wa Taifa Leo tulimjua kwa jina moja tu, Edward Gitau, na hatukuwa na haja ya kuuliza zaidi. Kwa hiyo tukiona kitabu cha katuni tunatafuta jina moja vilevile, na jina lililopigiwa tarumbeta kuliko yote ni la Stan Lee.

Kitabu cha katuni cha Marekani, hata hivyo, ni kazi ya mikono mingi. Mwandishi hutoa hadithi na maneno. Mchoraji wa penseli hugawa hadithi kwenye fremu na kuchora kila kitu humo. Mtia wino hupita juu ya penseli kwa kalamu na brashi, kwa sababu mitambo ya uchapaji ya siku zile haikuweza kuinasa penseli vizuri. Mwingine huandika herufi za viputo, mwingine hupanga rangi, na juu yao wote yuko mhariri.

Aliyewahi kuona kofia zetu za mkono zikitengenezwa hatapata tabu hapa. Mmoja huchora nakshi ya kofia kwenye kitambaa kwa penseli. Kitambaa huenda kwa mshonaji, pengine nyumba nyingine kabisa, naye huzungushia uzi tundu moja moja, wiki kwa wiki. Kofia ikifuliwa, penseli inatoka, na siku ya Idi mkono unaoonekana kichwani mwako ni wa uzi peke yake. Lakini nakshi ni ya nani?

Kirby alikuwa penseli. Stan Lee alikuwa mwandishi na mhariri. Na walioweka wino juu ya penseli ya Kirby walikuwa wengi, tena hawakufanana. Joe Sinnott, aliyeshika Fantastic Four kuanzia 1965, aliifanya kila chuma ing'ae kama birika la harusi. Mike Royer, miaka ya 1970, alifuata kila mstari bila kuongeza wala kupunguza. Vince Colletta alikuwa na sifa nyingine: akibanwa na muda alifuta. Watu waliokuwa wamesimama nyuma, madirisha ya majengo, walinzi mlangoni, vyote vilipitiwa na kifutio ili ukurasa uishe. Kwa hiyo ukishika kitabu cha Thor cha miaka ile ukakuta jiji la miungu limekuwa tupu kama forodhani wakati wa kusi, usimlaumu Kirby haraka. Huenda aliwachora wenyeji wote, wakafutwa njiani.

Mtoto wa mtaani

Jina alilopewa na wazazi wake ni Jacob Kurtzberg. Alizaliwa tarehe 28 Agosti 1917 huko New York, akakulia Lower East Side, mtaa wa wahamiaji maskini waliobanana kwenye nyumba za ghorofa. Wazazi wake walikuwa Wayahudi waliotoka Austria. Baba alifanya kazi katika viwanda vya nguo. Watoto wa mtaa mmoja walipigana na wa mtaa wa pili, na Kirby alizikumbuka ngumi zile maisha yake yote. Barabara kubwa ya pale inaitwa Delancey. Kwenye Fantastic Four, yule mtu wa mawe, Ben Grimm, anatoka mtaa uitwao Yancy. Jina lake kamili ni Benjamin Jacob Grimm: Benjamin ni jina la babake Kirby, na Jacob mnalijua.

Darasani hakukaa. Aliingia Pratt Institute, chuo cha sanaa cha mjini kwao, akatoka mapema mno. Alichojifunza alijifunza kwa kunakili wachoraji wa magazetini na kwa kutazama sinema.

Katikati ya miaka ya 1930 akapata kibarua kwenye studio ya Fleischer, waliokuwa wakitengeneza filamu za katuni za baharia Popeye. Kazi yake ilikuwa kujaza katikati. Mchoraji mkubwa huchora mkono ukiwa chini, kisha mkono ukiwa juu. Kijana wa chini yake huchora mikono yote iliyopo kati ya hapo, mmoja baada ya mwingine, siku kutwa. Aliona ni kama kiwanda, akaondoka. Mimi nina dhana yangu hapa, nanyi mnaweza kuikataa: naona miezi ile ndiyo iliyomfunza kuichukia katikati. Tazama ngumi ya Kirby popote. Utakuta mkono umevutwa nyuma kabisa kabla ya kutupwa, au umeshatupwa na aliyepigwa yuko hewani, miguu juu. Kile kitambo cha katikati, ngumi ikiwa njiani, hakichori. Anakuachia wewe ukijaze kichwani, na ukikijaza wewe mwenyewe kinauma zaidi.

Kisha akakutana na Joe Simon. Wawili hao ndio waliobuni Captain America, na jalada la toleo la kwanza, la Machi 1941, lilimwonyesha shujaa wao akimtwanga Hitler taya. Toleo hilo lilifika madukani Desemba 1940, mwaka mzima kabla Marekani haijaingia vitani. Kwa vijana wawili wa Kiyahudi kuchora picha ile wakati ule halikuwa jambo la mchezo.

Vita vikamchukua na yeye. Aliitwa jeshini 1943, akafika Normandia Agosti 1944. Mwenyewe alisimulia kuwa wakubwa walipojua anachora walimpeleka mbele kupeleleza na kuleta ramani za alichokiona, kazi ambayo hakuna anayeililia. Baridi ya Ulaya ikamla miguu, nusura ikatwe. Aliporudi nyumbani, yeye na Simon walitoa mwaka 1947 jarida la hadithi za mapenzi, Young Romance, likauzwa mno. Hili nalitaja kwa sababu wanaomjua kwa mashujaa tu hushtuka wakisikia kuwa mkono uleule ulichora wasichana wanaolia kwenye simu.

Jahazi bila ramani

Sasa tufike kwenye fundo lenyewe, la miaka ya 1960, pale majina ya Lee na Kirby yalipoanza kukaa pamoja: Fantastic Four mwaka 1961, Hulk na Thor 1962, X-Men na Avengers 1963, Silver Surfer na Black Panther 1966.

Lee alikuwa na vijarida vingi na siku ina saa ishirini na nne. Kumwandikia kila mchoraji maelezo ya kila fremu hakuweza. Ukazuka utaratibu ambao baadaye uliitwa mbinu ya Marvel, kwa jina la kampuni iliyotoa vijarida vile: mwandishi na mchoraji huzungumza hadithi kwa ufupi, pengine ofisini, pengine kwa simu, mchoraji huenda nyumbani akachora kurasa zote, kisha kurasa hurudi kwa mwandishi aweke maneno kwenye viputo.

Nendeni Matondoni mkaulize jahazi linajengwaje. Mwenye mali huja akasema: nataka chombo cha kupakia boriti, urefu kadhaa, kiwe kizima kwenye bahari ya wazi. Basi. Hakuna karatasi. Fundi ndiye anayejua mkuku ukae vipi, mataruma yapinde wapi, omo liinuke kiasi gani. Chombo kikishuka majini, mwenye mali anakiita jina, anakitafutia nahodha na abiria, anakisifu bandari zote. Ukiuliza "jahazi la nani?", jibu ni moja. Ukiuliza "nani aliyeliunda?", jibu ni jingine. Vitabu vile viliandika Stan Lee ndiye mwandishi na Jack Kirby ndiye mchoraji, na neno hilo "mchoraji" likameza nusu ya kazi. Aliyeamua nani aingie mlangoni ukurasa wa saba, nani afe, vita viishe vipi, mara nyingi alikuwa mwenye penseli. Malipo nayo yalifuata maneno: Lee alilipwa kama mwandishi, Kirby kwa idadi ya kurasa alizochora.

Ushahidi upo kwenye karatasi zenyewe. Kurasa za asili zilizosalia zina maandishi ya penseli pembeni, mkono wa Kirby, yakimweleza Lee kinachoendelea kwenye kila fremu na hata mhusika anasema nini. Huhitaji kumweleza mtu hadithi ambayo yeye ndiye aliyekupa.

Na kuna kisa cha Silver Surfer, alichokisimulia Lee mwenyewe mara nyingi. Walikuwa wamekubaliana hadithi ya Galactus, jitu linalokula sayari. Kurasa ziliporudi, Lee akakuta ndani yake mtu wa fedha juu ya ubao, anateleza kati ya nyota. Akauliza huyu ni nani. Kirby akamjibu kwamba jitu kubwa namna ile lazima liwe na mjumbe wa kulitangulia. Mhusika mzima alizaliwa mezani kwa Kirby, na mwandishi akamwona mara ya kwanza akiwa amekwisha kuchorwa.

Hapa ndipo wengine huruka upande wa pili na kusema Lee alikuwa mwizi, hakufanya lolote. Siwafuati huko. Kirby mwenyewe, akiwa mzee mwenye machungu, alisema maneno ya aina hiyo, na Lee naye kwa miaka mingi alisema mawazo yalikuwa yake. Wote wawili walikuwa wakikumbuka kwa hasira au kwa sifa. Lee ndiye aliyewapa mashujaa wale ulimi: ugomvi wao wa ndugu, utani wao, majivuno ya yule wa mawe. Ukitaka kulipima hili, soma alichokiandika Kirby peke yake. Mwaka 1970 alihamia kampuni shindani, DC, na huko akaandika na kuchora mwenyewe New Gods, The Forever People na Mister Miracle, hadithi za vita vya miungu zenye adui mkubwa aitwaye Darkseid. Picha zake zinatisha kwa uzuri. Maneno yake ni mazito kama nanga. Kila mtu anahutubia, hata anayeomba maji. Mimi navipenda vitabu vile kuliko vya mwanzo, lakini navipenda kwa macho.

Ngumi, vitone na mashine

Mtu akiniuliza mtindo wa Kirby ni upi, humwambia aanze na mwili. Kwenye mashindano ya mashua yetu, vijana huketi juu ya ubao uliotokeza nje upande wa upepo, miili imelala nyuma, migongo karibu inagusa maji. Ukipiga picha wakati ule, hata karatasini unauona upepo, kwa sababu hakuna mwenye akili atakayekaa hivyo kama chombo kimesimama. Watu wa Kirby wote wamekaa hivyo. Miguu imeachana kupita kiasi, kiwiliwili kimepinda, na mkono mmoja unakuja moja kwa moja usoni kwako, ngumi kubwa kama tikiti na bega dogo kule nyuma yake. Kabla yake mashujaa walipigana ndani ya fremu. Kwa Kirby fremu haiwatoshi.

Wako wasemao hakujua kuchora, kwa kuwa vidole vyake ni vya mraba, magoti kama vigae, na misuli ina alama za ajabu zinazojikunja kama moshi wa udi. Mtu aliyekosea hukosea kila siku kivyake. Kirby alichora vidole vya mraba vilevile miaka nenda miaka rudi, kama mchonga milango anayerudia ua lake. Waliomwona akifanya kazi wanasema hakuchora hata kiunzi kwanza. Alianza pembeni mwa karatasi akaenda mpaka mwisho, kana kwamba picha ilikuwa imekwisha kuwapo na yeye anaifuatisha tu. Alifanya hivyo kwenye chumba cha chini ya ardhi cha nyumba yake, kidogo, hakina hewa, ambacho mwenyewe alikiita jela, kiko au biri mdomoni, mpaka usiku wa manane.

Unene wa mistari yake nao una sababu. Vijarida vilichapwa kwenye karatasi ya gazeti, kwa wino mweusi na rangi tatu tu zilizochanganywa kwa vidoa. Mstari mwembamba ulipotea. Mwenye kanga anaelewa: pindo nene, mji wenye umbo moja kubwa, rangi chache zisizoogopana, na jina lisomeke mtu akiwa ng'ambo ya njia. Kirby alichorea karatasi ile, alijua itamfanya nini. Mara moja tu alishindana nayo akashindwa: alipokuwa akikata picha za majarida na kuzibandika pamoja kutengeneza ulimwengu wa anga za mbali. Mezani zilikuwa za kustaajabisha. Zikichapwa zilitoka kijivu, kama picha ya kitambulisho iliyonakiliwa mara kumi.

Halafu mashine. Kirby akichora mashine huwezi kusema ya nini. Ni mabomba, magurudumu, vioo vya duara na nyaya nene kama minyoo, imejaa ukurasa mzima na mtu amesimama mbele yake mdogo kama kunguni. Haina haja ya kufanya kazi. Inakuambia tu kwamba walioiunda wanajua usiyoyajua.

Vitone nimeviweka mwisho kwa sababu ndivyo ninavyovipenda. Kwenye picha zake za kuanzia katikati ya miaka ya 1960, pale nguvu zinapolipuka, nyota inapopasuka au mkono wa mtu unapotoa miale, utaona mkusanyiko wa vidoa vyeusi vya mviringo, vikubwa kwa vidogo, vimebanana kama povu. Wapenzi wa katuni wamevipa jina lake. Yule kijana wa fulana aliniuliza vile ni nini, mawe au mapovu? Nikachana mfuko wa saruji mtupu, nikampa kalamu nene, nikamwambia atie vitone, vingine vigusane, vingine viachane, asijali. Alipomaliza nikamwambia aache kutazama vitone. Atazame karatasi iliyobaki katikati yake. Alikaa kimya, akaisogeza mbali, akasema, "Inachemka." Ndivyo. Nguvu ni ile nafasi ambayo Kirby hakuigusa. Weusi ni giza linalosukumwa.

Yale ya barazani

Wengi wanaamini Kirby ndiye aliyemchora Spider-Man. Alichora jalada la toleo lile la Agosti 1962 ambamo Spider-Man alitokea mara ya kwanza, na kabla ya hapo alikuwa amechora kurasa chache za jaribio ambazo hazikutumika. Mchoraji wa hadithi yenyewe, na mwenye lile vazi la utando, ni Steve Ditko, ambaye mkono wake ni mwembamba, wa wasiwasi, kinyume kabisa cha Kirby.

Wengine wanasema Black Panther amepewa jina la chama cha wanaharakati Weusi wa California. Tarehe zinakataa. Mhusika alitokea kwenye Fantastic Four namba 52, ya Julai 1966. Chama kile kilianzishwa Oakland Oktoba mwaka huohuo. Mchoro wa awali wa Kirby ulikuwa na jina jingine kabisa, Coal Tiger, yaani chui milia wa makaa, na nguo za manjano.

Na Wakanda, ile nchi ya kubuni ya Black Panther? Wako wanaoapa ni Kiswahili kwa kuwa lina "wa" mbele. Basi na Washington ni yetu. Lugha inayosemwa kwenye filamu ya Black Panther ya 2018 ni Kixhosa cha Afrika Kusini. Kirby alikuwa akiichora Afrika kutoka kwenye kile chumba chake cha chini, na ukweli ni kwamba mengine yanachekesha. Lakini tazama alilolifanya: Fantastic Four wanafika wakitarajia msitu, na msitu wanaoukuta ni wa nyaya na mitambo, miti ya chuma, mashine zake zile zile zimeota ardhini kwetu. Mwaka 1966, kwenye kijarida cha senti chache, Mwafrika ndiye aliyekuwa na mashine ambazo wageni hawazielewi.

Kuna na moja ambayo watu hudhani ni uongo, nayo ni kweli. Mwaka 1980 majasusi wa Marekani waliwatoa wanadiplomasia sita wa nchi yao Tehran kwa kujifanya watengeneza filamu, na michoro waliyobeba ya hiyo filamu isiyokuwapo ilikuwa ya Kirby. Alikuwa ameichora kwa mradi mwingine uliokufa.

Kurasa zilikwenda wapi

Miaka michache nyuma nilipaka ukuta mzima wa nyumba moja ya wageni, siku kumi na moja kwenye ngazi. Picha za ukuta ule zikasambaa mitandaoni zimeandikwa jina la mtu aliyepanga samani. Nililipwa, sikudhulumiwa shilingi. Bado nikipita pale nageuza uso. Kwa hiyo sehemu hii siisimulii kama hakimu.

Kirby alilipwa kwa ukurasa, na kwa desturi ya kampuni zile kilichochorwa kilikuwa mali ya kampuni: mhusika, hadithi, na hata karatasi yenyewe. Fundi akichonga mlango kwa ujira, mlango ni wa mwenye nyumba, hilo tunalielewa. Tofauti ni kwamba mlango hauzai. Hulk alizaa vikaragosi, vipindi vya televisheni na filamu, na aliyemchora hakuwa na fungu humo. Alirudi Marvel katikati ya miaka ya 1970, akachora The Eternals mwaka 1976 na Black Panther akiwa peke yake kuanzia 1977, kisha akaenda kwenye filamu za vikatuni za televisheni, ambako walau malipo yalikuwa mazuri na bima ya matibabu ilikuwapo.

Miaka ya 1980 Marvel ilianza kuwarudishia wachoraji kurasa zao za zamani. Wengine walitakiwa kusaini karatasi moja. Kirby aliletewa waraka mrefu peke yake, wenye masharti ambayo hakuna mwenzake aliyewekewa. Wachoraji wenzake wakapaza sauti, na mwaka 1987 alipata kurasa karibu 2,000, sehemu ndogo tu ya alizokuwa amechora pale. Alifariki tarehe 6 Februari 1994 huko California. Watoto wake walifungua madai ya haki za wahusika, wakashindwa mahakamani mara mbili, na Septemba 2014, siku chache kabla Mahakama ya Juu ya Marekani haijaamua kama italisikiliza shauri lao, pande mbili zikapatana. Tangu hapo tazameni mwisho wa filamu zile, msizime: jina lake lipo, kando ya la Lee. Hiyo Fantastic Four ya 2025 imeuita ulimwengu wake namba 828. Wamarekani huandika mwezi kwanza, ndipo siku. Mwezi wa nane, tarehe 28: siku aliyozaliwa Kirby.

Yule kijana wa Langoni amekuwa akija kunisaidia kupaka. Mwezi uliopita tulipewa mashua ya kuandika jina, nikamwachia ubavu wa kushoto nikaenda kuswali Alasiri. Niliporudi alikuwa amelizungusha jina lote kwa vitone vyeusi, vikubwa kwa vidogo, na kusema haki viliwaka. Jina lilikuwa kama linaruka kutoka kwenye mbao. Nahodha alikuja, akasimama kwenye tope, akatazama kwa muda.

"Nyinyi," akasema, "mbona chombo changu kina ndui?"

Kijana akaanza kumweleza kuhusu weupe ulio katikati. Nahodha akamsikiliza mpaka mwisho, kwa adabu, kisha akasema ubavu wa kulia uandikwe jina tu.